Kishi ya samaki na mboga: chini tope, juu inatoa maji. Nisaidieni kabla ya Jumamosi

BintiKibokoni

Assalam alaykum, na hamjambo nyote.

Napika vitu vya oda nyumbani, hapa Mji wa Kale, Mombasa: sambusa, katlesi, mkate wa sinia, mkate wa mayai. Hivyo nimevizoea na wateja wamenizoea navyo. Sasa mteja wangu mmoja wa Nyali, ambaye miaka yote hajaniacha, ameniagiza kishi nne za samaki na mboga za kuliwa Jumamosi mchana. Alizila Ufaransa akazipenda, ila ya huko ilitiwa nyama ya nguruwe, ndiyo maana anataka ya samaki ili nyumba nzima ile. Nimekubali, na sitaki kumwangusha.

Kwa asiyeijua, Wafaransa huandika quiche. Ni ganda la unga na siagi, ndani mna mayai yaliyopigwa na maziwa pamoja na samaki na mboga, kisha huokwa mpaka igande.

Nimejaribu mara mbili. Ya kwanza nilikanda unga na majarini vizuri sana, kama wa chapati, nikausukuma nikautandaza kwenye trei. Nikapanga minofu ya changu mibichi niliyoiosha kwa ndimu na chumvi, mchicha niliouchemsha, tungule (nyanya), hoho na kitunguu. Nikamimina mayai matano na nusu lita ya maziwa. Moto juu kabisa, saa nzima. Juu ikawa nyekundu nzuri, nikafurahi. Kuikata tu, maji yakatiririka mpaka kwenye meza, na chini unga mbichi kama tope.

Ya pili nilitia vijiko vitatu vya unga kwenye mayai nikidhani itashika. Ikawa ngumu kama mpira, na maji bado yapo. Wanangu waliila kwa heshima yangu, lakini niliona nyuso zao.

Nakosea wapi? Nina siku nne. Samaki mbichi ninamudu, siagi ya kuharibu mara ya tatu simudu.

MpishiTudor

Waalaykum salaam dada. Kabla ya yote: oveni yako ni ya gesi au ya stima? Ina namba za joto? Na trei ina upana gani?

BintiKibokoni

Ni ile ndogo ya mezani, ya stima, ina waya wa moto juu na chini na naweza kuchagua. Namba zipo, niliweka 230. Trei ni ya duara, sentimita 24, kina kama vidole viwili.

MpishiTudor

Sawa. Dada, mambo yako yote yanatokana na kitu kimoja, nacho ni maji. Unga kwenye mayai hauwezi kuyanywa yote hayo, utakuharibia tu utamu.

Hesabu maji uliyoingiza. Samaki mbichi akipata moto hutoa maji. Mchicha wa kuchemsha umebeba maji. Tungule ni maji. Hoho na kitunguu vibichi, vilevile. Yote yameshuka kwenye unga ambao haujaiva, na unga uliolowa hauivi, unapikika kama uji. Kwa hivyo kila kitu kinachoingia mle ndani kiwe kimeshapikwa na kimeshatoa maji yake nje. Mchicha ukishanywea, uache upoe, uutie kwenye kifumbu au kitambaa safi, ukamue kama unavyokamua nazi. Ukamue mpaka ukose tone. Vitunguu na hoho kaanga kwa moto mdogo mpaka vilegee na karai likauke. Tungule mimi ningeziacha. Ukizipenda sana, toa mbegu na ule utelezi wa ndani, ukate nyembamba, uzipange juu tu.

Halafu ganda lioke peke yake kwanza. Hii ndiyo hatua watu wanairuka. Ukishalitandaza, litoboetoboe kwa uma, liweke kwenye friji nusu saa, tandika karatasi ya kuokea juu yake, jaza maharagwe makavu mpaka ukingoni ili lisivimbe wala kuta zisiporomoke. Moto 190, dakika 15 mpaka 20. Toa karatasi na maharagwe, rudisha dakika nyingine 8 hivi mpaka chini pawe pakavu na rangi ianze kuingia. Lipake yai lililopigwa ndani yote, rudisha dakika mbili. Lile yai linaziba matundu. Maharagwe hayo hayatapikika tena kwa kula, yaweke kwenye mkebe uwe unayatumia kwa kazi hiyo.

Na 230 ni moto wa adui. Mayai yakipata moto wa kiasi hujifunga taratibu yakashika maziwa ndani yake. Ukizidisha yanajikaza, yanakamua yale maziwa nje, na hayo ndiyo maji mengine uliyoyaona juu ya meza. Ukishamimina, shusha iwe 170, dakika 35 mpaka 40. Itoe wakati pembeni pameshika na katikati bado panatikisika kidogo kama faluda. Usingoje pakauke. Itaendelea kuiva yenyewe nje ya oveni.

ShangaziMajengo

Mwanangu, aliyosema Tudor ni kweli, lakini hajagusa mkono wako. Umesema umekanda "vizuri sana, kama wa chapati". Hapo ndipo ulipoanza kupotea. Chapati unataka ivutike. Hii unataka ivunjike mdomoni. Ukikanda unaamsha ule uvutano wa ngano, ganda linakuwa gumu na likiingia motoni linanywea.

Unga gramu 200, siagi ya kweli gramu 100 iliyotoka kwenye friji, chumvi nusu kijiko cha chai. Katakata siagi vipande vidogo, sugua na unga kwa ncha za vidole, viganja visiguse maana viganja vina joto. Ikifika kama chenga za mchele, nyunyiza maji ya barafu vijiko vitatu vya mezani, kusanya tu mpaka lishikane. Basi. Lifunge, friji saa moja. Mimi hufanya baada ya sala ya alfajiri kwa sababu mchana jikoni kwetu siagi inayeyuka kabla hujamaliza kusema bismillahi. Ukiona mikono inateleza mafuta, acha, rudisha friji dakika kumi, usijilazimishe.

Majarini ya kopo iache kwa mikate. Ile laini ya kupaka ina maji ndani yake.

Mkaanga_Likoni

Naongea upande wa samaki kwa sababu ndiyo kazi yetu huku, mume wangu anavua na mimi nakaanga.

Wakati huu wa upepo wa kusi, wenye vyombo vidogo hawatoki nje ya mwamba, kwa hivyo utakaowapata kwa wingi ni wa ndani: changu, tafi, pono. Kwa kishi chukua changu, au tewa ukimpata. Nyama nyeupe, inashika, inaachana kwa mapande. Tafi mtamu lakini miba yake itakutoa jasho, na mgeni akikwama mwiba kwenye kitu laini kama hicho ni aibu kubwa. Pono nyama yake laini mno na ina maji. Ukipata kipande cha nguru ni kizuri sana, ila kinazidi changu kwa bei.

Usitie mbichi. Paka chumvi, thaumu na pilipili manga, mchome au mkaushe kwenye karai na mafuta kidogo tu, mwache apoe kwenye chujio, kisha mchambue kwa vidole na kupapasa kila kipande. Gramu 250 za nyama iliyochambuliwa zinatosha trei moja.

Ndimu! Hapo pia umejiumiza. Samaki mwenye ndimu akikutana na maziwa, maziwa yanakatika. Mwoshe kwa ndimu kama kawaida yetu, lakini msuuze na umpanguse kwa kitambaa kabla ya kumchoma. Ndimu ya kula ikae pembeni ya sahani.

Na tafadhali, nguru na jodari wakikaa juani hutengeneza sumu ambayo hata ukipika haitoki. Mtu anawashwa, anavimba uso, watu wanasema ana mzio. Nenda sokoni mapema, beba chombo chenye barafu.

Oveni_na_Mwiko

Mbona wote mmesahau nazi? Sisi ni watu wa Pwani. Badala ya maziwa na malai (krimu), tia tui zito. Samaki na tui ni ndugu.

MpishiTudor

Ndugu yangu, napinga kidogo. Mteja amekula ya Ufaransa na anaikumbuka. Tui tupu litampa ladha ya samaki wa kupaka, ambaye nampenda, lakini sicho alichoagiza. Tena tui zito likizidiwa moto linaachia mafuta.

Oveni_na_Mwiko

Likizidiwa, ndiyo. Kwa 170 halijanifanyia hivyo hata siku moja, mayai yanalishika sawasawa. Lakini nakubali hoja ya mteja. Basi nusu kwa nusu, na amwambie mapema.

ShangaziMajengo

Amwulize. Mwenye oda ndiye mwenye ulimi.

Kipimo mwanangu: kila yai moja, mililita 120 za maziwa na malai. Trei yako itachukua mayai matatu na mililita 360. Wewe ulitia mengi ukajaza mpaka juu, sivyo? Jibini si lazima, kule Lorraine, Ufaransa, ilikotoka hawakuwa wakitia. Lakini kiganja cha jibini iliyokunwa ukinyunyiza chini kabla ya samaki, itasaidia kulinda ganda.

BintiKibokoni

Allah awalipe heri. Kweli shangazi, nilijaza mpaka ikamwagika ndani ya oveni. Nimempigia mteja simu: tui hataki safari hii, anasema nitamtengenezea ya tui siku nyingine. Swali moja tu. Stima mtaani kwetu inakatika ovyo. Ikipotea Ijumaa usiku nikiwa katikati, nifanyeje?

ShangaziMajengo

Si unaoka mkate wa sinia wewe? Palia. Sufuria kubwa nzito, chini tia mchanga mkavu, weka kiegemeo cha bati, trei juu yake. Mfuniko wa bapa, makaa mengi juu, chini machache. Chungulia baada ya dakika 25. Ganda tupu lioke mchana stima ikiwapo, likishaiva linangoja tu kwenye mkebe.

BintiKibokoni

Narudi na habari. Leo ni Jumamosi usiku.

Niliyaoka maganda yote Ijumaa mchana. La kwanza lilinywea upande mmoja kwa sababu nililivuta wakati wa kutandaza, nikajifunza kuliacha lishuke lenyewe kwenye kona. Mchicha niliukamua mpaka mikono ikaniuma, na kilichotoka kilijaza kikombe cha chai. Kikombe kizima! Nilikitazama nikaelewa ule mto uliotiririka mezani ulitoka wapi.

Changu nilimpata asubuhi, nikamchoma kwenye makaa kidogo badala ya karai, na ule moshi umeingia ndani ya mayai kwa uzuri ambao sikuutarajia. Tatu zilitoka kwenye oveni kwa 170, juu nikizifunika na foili dakika 15 za mwisho maana waya wa juu uko karibu. Ya nne stima ikakatika kweli, saa nne usiku, nikaipalia. Hiyo ya makaa ilichukua dakika 50 na rangi yake haikuwa sawa pande zote, lakini nilipoibonyeza katikati ilitikisika kama faluda, nikajua.

Nilizilaza kwenye friji stima iliporudi, nikazipasha moto asubuhi na kuzipeleka Nyali kwenye kapu. Mteja alikata moja mbele yangu. Kisu kilitoka kikavu na kipande kikasimama chenyewe kwenye sahani. Ameagiza mbili tena wiki ijayo, na moja anataka ya tui, nusu kwa nusu.

Oveni_na_Mwiko, hiyo ni yako. Niambie, tui ulipimaje: la kwanza peke yake, au unachanganya na la pili?