Nimehamia Jinja kutoka Arua, hapa Uganda: nitapigaje kura za mitaa?

Mgeni wa Jinja: Ndugu zangu, jina langu limo katika daftari la wapigakura huko Arua, lakini sasa ninaishi Jinja. Je, nikipeleka kitambulisho cha taifa siku ya uchaguzi nitaruhusiwa kupiga kura hapa?

Mzee wa Parishi: Hapana, ndugu yangu. Kitambulisho huonyesha wewe ni nani, ila kituo chako hutokana na daftari. Sheria inamruhusu raia aliyetimiza miaka 18 kujiandikisha katika parishi (eneo la utawala lililo juu ya kijiji) anakoishi au anakotoka, si zote mbili. Kwa hiyo omba Tume ya Uchaguzi ikuhamishe wakati wa kuboresha daftari, kisha, orodha itakapobandikwa hadharani, nenda ukalitazame jina lako kwa macho yako mwenyewe, kwa maana wengi hulipuuza zoezi hilo na kuja kulalamika asubuhi ya kura.

Mama Amina: Naongeza kwamba uchaguzi wa kijiji, yaani wa LC1 (baraza la kijiji), una utaratibu wake. Hutumia orodha ya wakazi wa kijiji, na wapigakura hujipanga mstari nyuma ya mgombea wao, kama ilivyofanyika Julai 2018. Binafsi siupendi mtindo huo, kwani jirani anakuona.

Mgeni wa Jinja: Asante, mama. Na madiwani wa wilaya?

Mama Amina: Hao huchaguliwa kwa kura ya siri.