Grande Otelo: stelingi aliyenyimwa nafasi, au msaidizi aliyewafunika wakubwa?

Mleta mada: Wakuu, kila zikitajwa sinema za zamani za Brazil, mwigizaji mweusi Grande Otelo anaitwa "yule wa pembeni ya Oscarito". Mimi sikubali. Jamaa alibaniwa, na alibaniwa kwa rangi yake.

Kazaliwa Uberlândia mwaka 1915, miaka 27 tu tangu Brazil ifute utumwa. Kampuni ya Atlântida ya Rio ilipotoa Moleque Tião mwaka 1943, stelingi alikuwa yeye, na hadithi yenyewe ilichotwa kwenye maisha yake. Kisha akaunganishwa na Oscarito, mchekeshaji Mzungu mzaliwa wa Hispania, na vichekesho vikawa vya Oscarito. Tazameni Carnaval no Fogo ya 1949: wanaigiza Romeo na Juliet, Oscarito ndiye Romeo, Otelo kavalishwa wigi anadeka juu kibarazani. Watu mbavu hawana. Kipindi hichohicho mwenzetu alikuwa amefiwa na mke na mtoto.

Mchangiaji wa kwanza: Mkuu, umechagua unachotaka kuona. Também Somos Irmãos ni ya mwaka huohuo wa 1949, na yeye ni mmoja wa ndugu wawili weusi wanaoibeba filamu nzima. Rio, Zona Norte ya 1957 ni yake peke yake: mtunzi wa samba anayeibiwa nyimbo. Halafu vichekesho vya watu wawili ni kurusha na kudaka. Asiyejua kudaka hawezi kukaa na Oscarito miaka yote ile.

Mleta mada: Asante, umenisaidia. Hizo mbili ni filamu za machozi. Kwenye moja anaishia uhalifu, kwenye nyingine anaanguka kutoka kwenye treni. Yaani akichekesha ni wa pili, akiwa wa kwanza sharti ateseke. Na vichekesho ndivyo vilivyojaza kumbi.

Mchangiaji wa pili: Mbona mmeiruka Macunaíma ya 1969? Mzee kapita miaka 50, anaigiza mtoto anayezaliwa: anadondoka puu kutoka kwa mama yake na kulia kama kichanga! Nilicheka hadi nikasimamisha video. Baadaye anaoga maji ya chemchemi ya ajabu, anatoka Mzungu, na nafasi inachukuliwa na Paulo José.

Mleta mada: Si ndiyo hadithi yangu hiyo?

Mchangiaji wa pili: Hapana. Mwongozaji alikuwa anaicheka nchi yake, na Otelo aliujua utani huo kuliko wote pale. Na baadaye anarudi, anaigiza mtoto wa huyo Mzungu.

Mchangiaji wa kwanza: Na tuzo kubwa ya filamu Brazil leo inaitwa Grande Otelo. Stelingi bora wa mwaka anabeba jina lake.

Mleta mada: Alifariki Novemba 1993 uwanja wa ndege Paris, akienda kuenziwa kwenye tamasha la Nantes, Ufaransa. Mtu wa miaka 78, bado yuko njiani kufuata heshima ugenini. Nijibuni hilo kwanza.