Mjadala: Mpiga piano anayechekesha anatufungulia mlango wa klasiki au anatuuzia vituko?

Mzazi_Ubungo
Wakuu, habari za mchana. Tangu juzi napambana na klipu moja. Si mpya, ina miaka, ila kwenye simu yangu ndiyo imefika sasa. Jamaa anaitwa Hyung-ki Joo, mpiga piano, Mwingereza mwenye asili ya Korea. Anakaa apige Prelude ya C-sharp minor, kipande kifupi cha piano cha mtunzi Mrusi Rachmaninoff, ile inayoanza na sauti tatu nzito kama kengele ya msiba. Mikono haitoshi. Basi mwenzake mpiga fidla, Aleksey Igudesman, anamletea mbao. Mbao kweli, zimegongewa vipande upande wa chini! Joo anaubandika ubao juu ya piano, kodi nzima (sauti kadhaa za pamoja) inalia kwa pigo moja, anaurudisha, anapewa mwingine, anaurudisha, mpaka jasho. Watu ukumbini hoi.

Nilicheka, halafu nikautafuta wimbo wenyewe nikausikiliza mzima mara tatu. Mimi huyu, ambaye klasiki naijua kwa ule muziki wa kusubirishwa kwenye simu.

Sasa swali. Binti yangu anasoma muziki, mwalimu kawaonyesha klipu hizi darasani, na mzazi mmoja kalipuka kwenye kundi la WhatsApp kwamba ada yake inalipia komedi. Je, vichekesho hivi vinatuleta kwenye muziki au vinatufanya tuuone ni kituko tu? Naomba kuwasilisha.

Sharp_Nne
Mzazi mwenzio ana hoja. Rachmaninoff aliiandika ile Prelude mwaka 1892 akiwa na miaka 19. Ni kazi ya mtu aliyekesha na chombo chake. Leo unaijua kama "ule wimbo wa mbao". Chukua watu kumi waliocheka, waulize jina lake, wawili wakikujibu nipigie. Na wengi wa hawa wachekeshaji ni watu ambao muziki wenyewe uliwashinda, wakaona bora wachekwe kwa hiari.

Ila tuwe wakweli, sisi tatizo letu ni kubwa kuliko klipu. Mahali ambapo mpiga kinanda wa kanisani anabonyeza kitufe cha mdundo kinanda kikajipiga chenyewe, na kwaya inasoma d-r-m, yaani sol-fa, sauti za kuandikwa kwa herufi, kama chekechea badala ya nota, vichekesho vya piano vya nini tena? Tunavyo kila Jumapili, bure.

BesiYaPili
Ulianza vizuri mkuu, mpaka ulipopanda madhabahuni. Nimeimba besi miaka 22. Kwa hiyo hiyo d-r-m unayoiita chekechea tumeimba Haleluya ya Handel, sauti nne, Pasaka, kanisa limejaa mpaka watu wako madirishani. Nyie wa nota mmeimba nini zaidi ya kutukosoa?

AltoMkorofi
Amina. Na tulisimama tangu mwanzo mpaka mwisho kama mfalme wa Uingereza alivyosimama alipoisikia.

Sharp_Nne
Hicho kisa cha mfalme kusimama hakina ushahidi wa maana, ni hadithi ya kupokezana. Kilichoandikwa ni kwamba Messiah, kazi ya Handel yenye hiyo Haleluya, ilipigwa mara ya kwanza Dublin, Aprili 1742, na waliohudhuria waliombwa wanawake waache nyumbani zile sketi zenye matao na wanaume waache panga, ili watu watoshe ukumbini.

AltoMkorofi
Mimi nimesema tulisimama. Wewe umeleta sketi.

KitandaMlangoni
Hahahaha uzi umeshaondoka huu. Mzazi_Ubungo pole, ulikuja na piano, utaondoka na sketi za Dublin.

Mwalimu_wa_Sauti
Narudi kwa "muziki uliwashinda". Hapana. Joo na Igudesman walikutana wakiwa watoto wa miaka 12 kwenye shule ya Yehudi Menuhin kule Uingereza, na pale huingii kwa kumjua mtu. Billy Joel, yule mwanamuziki wa Marekani, alipotoa albamu yake ya vipande vya piano mwaka 2001, aliyepiga ni huyo huyo Joo. Na kabla yao alikuwepo yule Mswidi wa enzi za vita, anaanguka kwenye kiti cha piano, kisha anatoa mkanda wa usalama anajifunga. Borge. Naye alikuwa mpiga piano kamili.

Kopa_la_Kahawa
Mdenmaki, si Mswidi! Victor Borge, mzaliwa wa Copenhagen, 1909. Myahudi, tena jukwaani alikuwa anamtania Hitler waziwazi. Wajerumani walipoingia Denmark Aprili 1940 yeye ndiyo alikuwa Sweden kikazi, labda hapo ndipo umechanganya. Akapitia Finland, akapata meli ya kwenda Marekani, akafika hana kitu, Kiingereza hakijui. Akajifunza kwenye sinema. Kufika 1953 ana onyesho lake New York, mtu mmoja na piano, likaenda mara 849. Sasa huyo unamwambia muziki ulimshinda?

Sharp_Nne
Sikumtaja Borge mimi. Msinilishe maneno.

Kopa_la_Kahawa
Ulisema "wengi". Tunakuhesabia.

BesiYaPili
Bado hujajibu la kwaya.

BiFidla_Unguja
Jamani nyinyi, mbona mnagombana kama mnagawa mirathi? Mie nataka kusema moja. Hawa wa klasiki ugumu wao si nota, ni kule kukaa kimya. Mtu anaogopa kwenda kwa kuwa hajui apige makofi lini, akipiga kati anaangaliwa kama kaingia na viatu msikitini. Taarabu ni muziki wa adabu, una fidla, una kanuni ile ala ya nyuzi, una udi, mashairi yake yana tabaka tatu za maana, na hata hivyo mtu likimgusa neno anainuka na khanga yake, anakwenda mbele taratibu, anatunza, anarudi kitini. Mwimbaji haoni kavunjiwa heshima. Anaona kasikika.

Na hao wazungu wenyewe zamani hawakuwa hivi. Mozart alimwandikia babake kutoka Paris, 1778, watu walipiga makofi katikati ya simfoni yake, naye akafurahi, ilipokwisha akenda zake kula aiskrimu. Huyo mchekeshaji anatoa ile hofu ya mlangoni. Kwani kuna ubaya gani?

Mzazi_Ubungo
Bi Fidla shikamoo, hili ndilo nililokuwa nalitafuta.

TenaYaKijiweni
Bi Fidla amegusa, lakini taarabu ya siku hizi na yenyewe si kinanda kinachojipiga?

BiFidla_Unguja
Marahaba mwanangu Mzazi. Wewe Tena, hilo usinianze, nina presha.

Sharp_Nne
Kutunza ni kuheshimu. Kubandika ubao kwenye piano ni kudhihaki. Havifanani.

FundiMninga
Mimi ni seremala, Keko. Muziki sijui, ila kijana wangu ana kinanda nyumbani, na ile klipu ilinikera kwa sababu moja: nilitaka kujua zile mbao zimetengenezwaje. Jumamosi nikachukua kipande cha mninga kilichobaki kwenye kitanda cha mteja. Nikapima. Nyeupe saba za kinanda, yaani kutoka sauti moja hadi mwenzake wa juu, ni kama sentimita 16 na nusu. Kijana akaniambia kodi yenyewe ni tatu: nyeusi, nyeupe, nyeusi. Nikagonga vipande vitatu, urefu mmoja. Nikabandika. Zikalia mbili tu! Nyeusi zimekwenda mpaka chini, nyeupe bado haijaguswa, maana nyeusi zimeinuka sentimita moja na ushee. Nikatoa kipande cha kati, nikaweka kirefu. Sasa kinagusa nyeusi ya jirani, kwa sababu huko ndani nyeupe ni nyembamba. Nikakitia tupa mpaka kikawa kama kidole cha mtoto, nikabandika kitambaa chini kisikwaruze. Hapo ndipo ikalia yote, na mama yake kijana akatoka jikoni kuuliza nani kafa.

Nikagundua kitu. Nikiuhamisha ubao ule hatua moja kulia, haupigi. Vipande vinaangukia pabaya. Kwa hiyo kila kodi ina umbo lake la mkono, na huyu mtu wa piano ana maumbo hayo yote kichwani, mamia, tena anayabadilisha haraka kuliko mimi ninavyookota misumari. Nilipoirudia klipu sikucheka, nilimwogopa. Nimejifunza kwa ubao mmoja kuliko miaka mitatu niliyoimba kwaya.

BesiYaPili
Miaka mitatu kwaya gani hiyo fundi? Maana kwaya haifundishi kama mtu anakuja siku ya sare mpya tu.

FundiMninga
Sikuwa na maana mbaya mzee wangu.

AltoMkorofi
Watu wa namna hii tunawajua. Mazoezi Alhamisi hayupo, Jumapili yuko mstari wa mbele.

MtuWaKayole
Wadau, kutoka Nairobi. Fundi amesema jambo la maana kuliko wote hapa na nyinyi mnamuuliza habari za sare, kweli? Huku Korogocho watoto wa Ghetto Classics wanapiga fidla na tarumbeta karibu na jaa la Dandora, na hakuna aliyewachekesha ndiyo waingie. Waliwekewa ala mkononi. Kwa hivyo mimi nasema klipu ni sawa, lakini mtoto akishacheka, ala iko wapi?

Baba_Furaha_Bukavu
Na sisi Kongo vilevile. Orchestre Symphonique Kimbanguiste ya Kinshasa ilianza 1994, mwanzilishi ni Armand Diangienda, mjukuu wa Simon Kimbangu, yule nabii wa Kongo. Mwanzoni ala hazikutosha, watu walikuwa wanapokezana fidla moja. Nilisoma kwamba uzi wa fidla ukikatika walitafuta waya wa breki ya baiskeli. Wanapiga simfoni ya tisa ya Beethoven. Nani alicheka?

TenaYaKijiweni
Waya wa breki ni kichekesho tayari kaka, basi tu hakuna aliyerekodi.

Baba_Furaha_Bukavu
Si kichekesho. Ni umaskini. Usiseme hivyo.

TenaYaKijiweni
Samahani, nimefuta kauli.

Kopa_la_Kahawa
Mimi bado na ndugu Sharp_Nne na "kudhihaki". Saint-Saëns, mtunzi Mfaransa, mwaka 1886 aliandika vipande vya wanyama: simba, tembo, kobe. Kobe wanacheza kankani, ile dansi ya Paris ya kurusha miguu, kwa mwendo wa kobe. Halafu katikati ya wanyama kaweka "Wapiga piano", wanafanya mazoezi ya vidole kama wanafunzi wa wiki ya kwanza. Wapiga piano katika orodha ya wanyama! Akazuia isichapishwe akiwa hai, ila kipande cha bata maji tu, kwa kuogopa watu kama wewe wasimchukulie kwa uzito. Utani uko ndani ya nyumba tangu zamani.

Sharp_Nne
Umejipiga mwenyewe. Aliuficha! Alijua mahali pa utani ni sebuleni na marafiki, si kwa umma. Na nyie wa sol-fa mnaoshangilia hapa, kobe wale mngewasomaje? Sol-fa yenu inaishia kwenye tenzi. Hakuna kitu cha maana kilichowahi kutungwa kwa d-r-m.

Mwalimu_wa_Sauti
Uuuwi.

BesiYaPili
Asante, nilikuwa nakusubiri hapo hapo. Enoch Sontonga. Mwalimu wa kwaya, Johannesburg, 1897. Tungo zake alikuwa anaziandika kwenye daftari kwa sol-fa. Mojawapo ni Nkosi Sikelel' iAfrika. Sauti hiyo hiyo ndiyo Mungu Ibariki Afrika. Kwa hiyo kila ukisimama kwa wimbo wa taifa, mkono ubavuni, unasimamia chekechea.

KitandaMlangoni
Mpira wavuni. Nimemwaga chai.

AltoMkorofi
Sketi za Dublin zijibu hilo.

Sharp_Nne
Wimbo wa taifa nauheshimu, tusigeuziane kibao. Nimesema sol-fa ina mipaka, nimekulia humo humo, baba yangu alikuwa mwalimu wa kwaya. Nota nimejifunza nina miaka 30, usiku, kwa mshumaa umeme ukikatika, ndiyo maana nachukia mtu akija na mbao akasema ndiyo njia.

BesiYaPili
Ungeanza na hiyo tusingefika hapa. Kwaya gani mzee alifundisha?

Sharp_Nne
Ilishasambaratika. Walinunua kinanda chenye kitufe.

Mzazi_Ubungo
Wakuu, nimjibu nini yule mzazi wa WhatsApp?

MtuWaKayole
Mpeleke Keko.

BesiYaPili
Fundi, nilikuwa mkali, tusameheane. Na mimi nataka ubao mmoja. Wa Haleluya, ule mlango wa mwanzo. Nitengenezee d m s.

FundiMninga
Yameisha mzee wangu. Ila d ipi? Ubao hauhami, nimeeleza pale juu.

BesiYaPili
Doh ni doh. Popote inapowekwa.

FundiMninga
Mimi nagonga misumari mzee. Popote ni wapi kwa sentimita?

Sharp_Nne
Fundi, doh ya Haleluya kwenye piano ni D. Nyeupe, nyeusi, nyeupe. Cha kati kiwe kifupi safari hii.

BesiYaPili
Nani kakuuliza?