Wimbo wa Wajapani wa kuogelea, ule wa kuruka "HEI!", unaitwaje?

Fundi Spika, Ujiji
Wakuu habari za leo. Nakodisha mziki hapa Ujiji: harusi, mikutano, chochote. Vijana wa mwaloni Kibirizi wameniita nipige siku ya mashindano yao ya kuogelea. Mpwa wangu ana kipande cha video ya waogeleaji wa Japani: gitaa linalia hadi unaogopea nyaya, jamaa anaimba juu kabisa, halafu watu wote wanapiga kelele maneno mawili ya Kiingereza na kuruka "HEI!" Nimeujaribu kwenye spika kubwa, fundi pikipiki jirani akaweka spana chini akaja kuuliza ni kina nani. Naomba jina, na je, ufukweni utafaa?

Dijei Mstaafu, Mwanga
Huo ni "Ultra Soul" wa B'z. Wako wawili tu, Tak Matsumoto kwenye gitaa na Koshi Inaba mwimbaji, tangu 1988. Singo ilitoka Machi 2001, ikashika namba moja Oricon, chati ya mauzo ya muziki ya Japani. Kuuita wa kuogelea ni sahihi: TV Asahi iliutumia kwenye mashindano ya dunia ya Fukuoka Julai ile, ambako Ian Thorpe wa Australia alibeba dhahabu sita. Ukitafuta mtandaoni usiache kile kialama cha juu kati ya B na z, la sivyo utaletewa takataka.
Na hilo gitaa usishangae. Matsumoto ana Grammy ya 2011, kwa albamu ya ala tupu bila kuimba, aliyopiga na Mmarekani Larry Carlton.

Mama Migebuka
Wanangu, Wajapani wa nini tena? Watu wa mwaloni watawakodolea macho tu. Si mpige Kigoma All Stars, hata wazee wainuke!

Fundi Spika, Ujiji
Shikamoo mama. Hao nitawapiga tangu asubuhi, usijali. Huu nautaka wa fainali.

Dijei Mstaafu, Mwanga
Shikamoo mama. Kijapani hakihitajiki pale. Mwanzoni jamaa anajiuliza ahangaike mpaka wapi na kwa ajili ya nani, na mtu aliyebakiza mita chache maji yakimwingia puani anaelewa bila mkalimani. Fundi, kazi yako iko mwisho wa kiitikio. Watoto wapange mbele, wafundishe ile "hei" kabla ya mbio. Maneno mawili yakikaribia, shusha sauti kwenye miksa ghafla, waachie watoto wajaze, kisha pandisha yote. Ukichelewa kushusha, spika zitawameza na hakuna atakayeruka. Binafsi nisingeupiga wakati wanaogelea, maana aliye majini hasikii kitu. Upige mshindi anapotoka, bado anahema.
Na usiuogope kwa uzee wake. Desemba 31, 2024 waliuimba kwenye Kohaku, tamasha la mkesha wa mwaka mpya la televisheni ya NHK ya Japani, mara yao ya kwanza kwenye jukwaa hilo, Inaba akiwa na miaka 60. Tazama anavyokimbia, halafu ujilinganishe.

Mama Migebuka
Marahaba. Miaka 60 na anaruka vile? Haya, pigeni. Ila fundi, spika zielekeze ziwani. Mara ya mwisho walizigeuzia upande wa meza zetu, mteja anauliza bei ya dagaa namjibu kwa vidole.