Naomba ushauri: nitazame vipindi gani vya Indonesia ili nijue lugha yao?

Ndugu zangu, habari za wakati huu. Nimejifunza Kiindonesia kwa miezi minane, na mwalimu wangu amenihimiza nitazame sinetron, yaani tamthilia za televisheni za huko, ambazo jina lake ni kifupi cha sinema elektronik. Nilianza na Tukang Bubur Naik Haji, iliyorushwa na kituo cha televisheni cha RCTI kuanzia mwaka 2012 hadi ikapita sehemu 2,000, na hapo ndipo nilipokwama: kitabuni nimefundishwa kukanusha kwa tidak, ilhali wahusika wanasema nggak, tena harakaharaka huku wakilia.

Nilipohamia YouTube mambo yakawa magumu zaidi. Filamu fupi ya Tilik, inayohusu wanawake waliopanda lori kwenda kumjulia hali kiongozi wao wa kijiji hospitalini, ilinivutia mno kwa umbea wao wa njiani, kumbe wanazungumza Kijava, lugha nyingine ya huko! Kinachonipa moyo ni maneno kama dunia, waktu na kabar, ambayo sisi Waswahili tunayatambua papo hapo.

Naomba mliowahi kusoma au kuishi Indonesia mnisaidie. Je, nishikilie tamthilia moja ndefu hata kama inachosha, au niwafuate wapishi wa mtandaoni, ambao angalau humwonyesha mtazamaji kila wanachokitaja? Na maandishi ya chini ya picha niyaache yawe ya Kiindonesia, au niyazime kabisa? Nitashukuru sana pia mkinitajia vipindi ambavyo ninyi wenyewe vimewasaidia.