Nyundo za uchawi zinazofua zenyewe: waandishi wa hadithi za kubuni, mnawadharau mafundi wa moto

Wakuu, nimevumilia sana ila leo naanzisha uzi. Kila hadithi ya ulimwengu wa kubuni ninayoshika, kila gemu lenye mhunzi ndani, lazima kuwe na kifaa cha uchawi. Mara nyundo inayowaka, mara fuawe (lile pande la chuma la kufulia) linalonong'ona, mara koleo la mababu. Sina ugomvi na uchawi, naupenda, ndiyo maana nasoma vitabu hivi. Ugomvi wangu ni kwamba kifaa hicho kikishatokea tu, kazi yote ya moto inafutika. Shujaa anagonga mara tatu, mwanga unalipuka, upanga huo hapo. Sasa mhunzi mlimweka wa nini?

Na mara nyingi mambo yameshaharibika hata kabla ya nyundo kugusa kitu. Chuma cha upanga kinamiminwa kwenye kalibu, yaani chombo chenye umbo la upanga, lililo wazi kama uji kwenye bakuli. Jamani! Iliyokuwa ikimiminwa ni shaba iliyochanganywa na bati, kwa sababu mchanganyiko huo unayeyuka kwenye nyuzi 1,000 hivi za Selsiasi au hata chini yake. Chuma chenyewe kinataka nyuzi 1,538. Upanga wa chuma unafuliwa: unapashwa, unagongwa, unarudishwa motoni, unagongwa tena. Anayeandika kurasa mia nane kuhusu fundi wa moto anashindwaje kujua hili?

Halafu karakana zenyewe zinawaka mwanga kila kona. Mhunzi anataka kiza kidogo, kwa sababu anasoma joto kwa rangi, na kwenye jua kali rangi hizo hazionekani vizuri. Chuma kikiwa na wekundu hafifu, bado. Kikifika rangi ya chungwa na kuelekea njano, hapo kinakubali nyundo. Kikianza kuwa cheupe na kurusha cheche, umeshakiunguza na hakuna wa kukiokoa. Kisu kikishazimishwa kwenye mafuta kinakuwa kigumu lakini kinavunjika kirahisi, kwa hiyo kinasuguliwa hadi king'ae, kisha kinapashwa taratibu huku fundi amekikodolea macho. Kwenye nyuzi 220 hivi inatokea njano ya majani makavu, inafuata kahawia, inafuata zambarau, na karibu na nyuzi 300 inaingia buluu. Rangi zinakimbia kuelekea kwenye makali. Ukichelewa kidogo tu kukitoa, makali yamelegea na kazi unaianza upya. Hapo pana hofu, pana ujuzi, pana mkono unaotetemeka. Mwandishi anaruka yote hayo ili nyundo itoe mwanga wa samawati! Inaniuma kweli.

Msiniambie "ni hadithi tu". Wasimulizi wa kale walikuwa na miungu na mazimwi na bado waliheshimu kazi hii. Wagiriki walimpa Hephaistos, mungu wao wa uhunzi, mivukuto ishirini, yaani vifaa vya kupulizia moto, inayopuliza yenyewe, kwa nguvu anayoitaka yeye. Uchawi mtupu. Lakini ikifika kufua, anashika nyundo mkono huu na koleo mkono ule, anafanya kazi mwenyewe. Watu wa kaskazini ya Ulaya nao wanasimulia jinsi Mjölnir, nyundo ya Thor, mungu wao wa radi, ilivyotengenezwa: Brokkr, mbilikimo fundi, anavuta mivukuto, kaka yake amemwonya asisimame hata kidogo, nzi anamuuma kope, damu inaingia jichoni, anainua mkono mara moja tu kumfukuza. Mpini ukatoka mfupi. Silaha kubwa kuliko zote ina kasoro kwa sababu pumzi ya moto ilikatika kwa dakika moja au chini ya hapo. Huyo msimulizi alijua mivukuto ni nini.

Kinachonichefua zaidi ni hii ya "damu ya ukoo". Kijana hajawahi kupiga mkaa, hajui kuondoa mavi ya chuma, yaani uchafu unaojitenga na chuma motoni, anashika nyundo ya babu na ghafla anamshinda mzee aliyekaa motoni maisha yake yote. Na mzee anapiga magoti na kulia kwa furaha! Hayo ni matusi kwa kila mtu aliyejifunza kazi kwa mikono yake.

Mnataka kifaa cha uchawi? Kiwekeni mahali ambapo moto unamsumbua fundi kweli. Chukueni koleo lisiloruhusu joto kutoka. Chuma kikitolewa kwenye makaa kinaanza kupoa papo hapo, fundi ana muda mfupi sana wa kugonga kabla ya kukirudisha. Koleo kama hilo lingekuwa hazina. Lakini chuma cha pua kikikaa kwenye joto kali muda mrefu, chembe zake za ndani zinakua kubwa na kinakuwa dhaifu. Kwa hiyo mwenye koleo hilo lazima ajue wakati wa kuachia. Mwenye tamaa anapata upanga mzuri wa kutazamwa unaokatika siku ya vita. Au wapeni wapuliza kioo bomba linalohifadhi joto, maana kioo kikipoa haraka kinapasuka chenyewe hata bila kuguswa, ndiyo maana kinapozwa polepole ndani ya tanuri. Uchawi wa namna hiyo unamdai fundi ujuzi zaidi, na mimi ningesoma hadi asubuhi.

Wanaoandika humu najua mpo. Kama una mhunzi kwenye hadithi yako, weka hapa kipande anachofanya kazi, nataka kuona anatazama rangi gani kabla hajainua nyundo. Na wasomaji, mwenye hadithi ambayo kifaa cha uchawi kinamgharimu fundi kitu aitaje. Zile za mwanga wa samawati msiniletee.