Fidia ya ardhi: nihame kwanza ndipo nilipwe?

Tangu reli ya kutoka Naivasha kuja Kisumu hadi Malaba irudi midomoni mwa watu, na barabara ya Rironi–Mau Summit inayopitia Nakuru nayo ipangiwe kupanuliwa, hapa Ahero, Kisumu, hatunywi chai bila kugusia fidia ya mashamba yatakayochukuliwa. Juzi mzee mmoja alisema masharti yote ya malipo yafutwe: serikali ikitaka shamba, ipime ekari, itoe pesa, basi. Alipigiwa makofi. Mimi sikupiga.

Kuna masharti yanayotulinda sisi kwa sisi. Huku kwetu hati nyingi bado zina jina la babu aliyezikwa zamani. Wanawe waligawana kwa mdomo, mpaka wao ni mnyaa uliopandwa. Siku ya fidia anatokea mmoja, aghalabu yule anayeishi mjini, na hati mkononi. Akilipwa bila maswali, mjane anayelima pale aende wapi? Sheria ya Ardhi ya Kenya ya 2012 inamtambua kuwa mwenye maslahi mume au mke wa aliye kwenye rejista, na hata anayekalia shamba bila jina lake kuandikwa popote. Kwa hiyo nikiambiwa nilete karatasi za mirathi kutoka mahakamani, nitalalamikia safari tu, si sharti lenyewe. Na kukiwa na ugomvi, pesa zinaweza kuwekwa kwenye akaunti maalum ya fidia mpaka familia ielewane.

Ninalolipinga ni lingine. Kifungu cha 40 cha Katiba kinataka fidia ya haki, yote, na ilipwe haraka. Mwaka 2019 Bunge likarekebisha sheria na kueleza hiyo haraka ni nini: muda unaofaa, usiozidi mwaka mmoja baada ya Tume ya Taifa ya Ardhi kutwaa shamba. Baada! Mwaka ni misimu miwili ya mahindi, ni karo ya mihula mitatu, na wewe umeshahamia kwa shemeji. Wakati huohuo wenye mashamba ya jirani wamesikia mradi unakuja na wamepandisha bei. Ile asilimia 15 ya kufidia usumbufu wa kuhamishwa, inayoongezwa juu ya thamani ya ardhi inamezwa hapo hapo.

Marekebisho hayohayo yaliruhusu pia kulipa kwa bondi za serikali (yaani ahadi ya serikali ya kukulipa baadaye), hisa au kipande kingine cha ardhi. Kipande kingine sawa, kama kina maji. Bondi inamfaa mwenye mshahara. Nyanya yangu wa Nyando atampa fundi wa mabati bondi?

Najua jibu lenu mnaotetea sheria hiyo: tukisubiri kila mtu alipwe, mkaidi mmoja atakwamisha barabara ya watu wote. Hoja ina uzito. Lakini mkaidi pesa zake ziwekwe kwenye akaunti, tingatinga lipite, naye aendelee na kesi yake. Asiye na ubishi alipwe kabla ya kung'oa mlango wake.

Sasa niambieni kuhusu wasio na hati kabisa. Katiba inaruhusu waliokalia ardhi kwa nia njema walipwe pia. Nia njema hiyo ataipima nani, chifu?